Perpetua, Jina Nililokataa Kulivua

Ipo asubuhi moja, mwanangu, ambayo mpaka leo nikiikumbuka damu inanichemka. Yalikuwa majira ya upepo, ule upepo wetu wa Singida unaovuma kutwa nzima na kukujaza vumbi mpaka kwenye kope. Mwalimu alikuwa akiita majina darasani. Alipofika kwangu akanyamaza, akanitazama, akasema, "Wewe kuanzia leo unaitwa Maendeleo." Nikasema, "Hapana, mwalimu." Hata waliokuwa wakikohoa vumbi wakaacha.

Nakueleza habari hii kwa sababu yako wewe. Ulipofika juzi kutoka Utemini, kule mjini, na kichanga chako ulinisalimu vizuri, shikamoo yako nikaipokea, nikampakata mtoto na kuuliza anaitwa nani. Ukasema bado mnatafuta. Nikakumbusha tu, maana mimi si mtu wa kulazimisha, kwamba kwetu mtoto wa kwanza wa kike hurithi jina la bibi. Ukacheka huku umeziba mdomo. "Bibi, Perpetua ni jina la kizee. Wenzangu watanicheka!" Sikukujibu, maana ulikuwa unanyonyesha, na mimi simgombezi mtu mwenye mtoto kifuani. Sasa amelala. Weka hiyo simu chini, kaa hapo, unisikilize. Sikugombezi kwa kulikataa jina langu. Nakugombeza kwa hilo neno lako, "watanicheka".

Mimi nilizaliwa upande wa Unyambwa, kwenye tembe ya baba yangu, nyumba ya udongo yenye paa bapa ambalo sisi watoto tulikuwa tunapanda kuanika mlenda. Kabla yangu mama alikuwa amezaa wengine, na wote walikufa hawajaota meno. Unajua mwanamke wa namna hiyo alikuwa anaitwaje? Haitwi! Mwanamke wa kwetu huitwa kwa mtoto wake, Mama Fulani. Mama yangu alikuwa "mke wa fulani", alikuwa "wewe wa pale". Kisimani wenzake wakiitana Mama huyu na Mama yule, yeye alikuwa akiinamia mtungi wake na kujifanya anatafuta kata.

Nilipozaliwa, bibi yangu mzaa baba alinichukua na kunipeleka kwenye lundo la samadi, pale mlangoni pa zizi. Usishtuke. Hiyo ilikuwa desturi ya wazee wake. Mtoto aliyetanguliwa na misiba hulazwa kwenye taka, apite mwanamke wa nyumba nyingine amwokote kama kitu kilichotupwa, kisha apewe jina la uchafu. Samadi, jalala, tambara, basi mambo ya namna hiyo. Kifo kikija kuulizia mtoto, kiambiwe hapa hakuna mtoto, kuna takataka tu, kigeuke kiende zake. Bibi hakuwa mtu mbaya hata kidogo. Alikuwa amewazika wajukuu wake kwa mikono yake mwenyewe, na huyu mmoja alitaka abaki.

Mama akasikia nalia nje. Akainuka kitandani na uchungu wake wa uzazi, akajikokota ameshika ukuta mpaka zizini, akaniokota yeye mwenyewe na kunipangusa kwa kanga yake.

"Utamuua!" bibi akamfokea. "Mwache aokotwe na mwingine!"

"Mama, wale waliotangulia wote niliwaita takataka kama ulivyotaka," mama akasema. "Wakafa. Huyu simwiti takataka kwa kuogopa mtu yeyote, hata kifo chenyewe. Kikija, kikute jina lake zuri na mimi nimekaa mlangoni."

Walinyimana maneno, mwanangu, mkwe na mama mkwe ndani ya tembe moja, moshi mmoja. Mama alipopata nguvu akanibeba mpaka kigangoni, kwa mzee katekista aliyemfundisha dini. Akamwambia, "Nitafutie jina la mtoto wa kukaa." Mzee akafikiri, akasema lipo. Perpetua. Ni la Kilatini, lugha ile iliyokuwa ikisomewa Misa zamani, na maana yake ni mwenye kudumu, asiyekoma. Mama akaona hapo amefika.

Lakini mzee hakumwacha aondoke na maana peke yake. Akampa na historia. Akamwambia kwamba zamani za kale, Roma ilipotawala nchi nyingi, ilitawala pia kaskazini mwa Afrika hii, na huko kulikuwa na mji ukiitwa Kartago. Katika mji huo aliishi mwanamke kijana, Perpetua, mama wa mtoto anayenyonya kama huyu wako. Akakamatwa kwa kuwa alikuwa Mkristo. Wakubwa wa Roma hawakumtaka jambo kubwa. Atoe tu sadaka kidogo kwa heshima ya mfalme wao, arudi nyumbani kwa mwanawe. Baba yake mzazi akaja gerezani kumsihi, mzee wa watu na mvi zake, akalia mbele ya binti yake. Amwonee huruma baba yake, amwonee huruma mtoto. Binti alimpenda baba yake, lakini akakataa kusema kwamba yeye si yule aliye. Wakamuua mbele ya watu, pamoja na wenzake, na mmoja wao alikuwa mjakazi aliyetoka kujifungua siku hizo hizo.

Mama alirudi akamsimulia bibi yote hayo. Bibi akaruka. "Ala! Mtoto wa msiba unamwita kwa jina la aliyeuawa?"

"Waliomuua wako wapi?" mama akamuuliza. "Nani anawataja? Yeye, mpaka huku kwetu Unyambwa, mimi nisiyejua hata bahari, leo namtaja."

Bibi akasonya, akarudi kwenye jiwe lake la kusagia. Lakini nikakaa, mwanangu. Nikakaa mpaka nikaota jino, na siku lilipoonekana mama alinibeba nyumba kwa nyumba, akinifungua mdomo kila anayemkuta aone kwa macho yake. Tangu siku hiyo kisimani wakaanza kumwita Mama Perpetua. Wengine hawakuliweza, walisema Peripetuwa, bibi mwenyewe alilikata akaniita Petuwa mpaka anaingia kaburini. Lakini mama aliitika kwa namna zote. Mimi nilikuwa namwona anavyonyanyua kichwa.

Sasa turudi shuleni.

Wakati huo tulikwisha kuacha tembe zetu na kuhamia kijiji cha ujamaa, nyumba zimepangwa kwa mistari, shamba la wote upande mmoja, shule upande mwingine. Wapo waliohama kwa kupenda na wapo waliohama kwa kusukumwa, hiyo ni hadithi ya siku nyingine. Shule ile kwangu ilikuwa neema. Mwalimu wetu alikuwa kijana kutoka upande wa Iramba. Alikuwa na jina la ubatizo akalitupa, akajiita Mapambano, na sisi tukamwita Mwalimu Mapambano. Sitamsingizia, alikuwa mwalimu hodari. Alitufundisha hesabu kwa mbegu za alizeti, na mtoto aliyekuja na njaa alimgawia chakula chake.

Ila alikuwa na moto kichwani. Akatuambia mkoloni ameondoka na bendera yake lakini ameacha majina yake vichwani mwetu, na mtu huru hawezi kuitwa kwa jina la bwana wake. Kila mwenye jina la kizungu atapewa jipya. Paulo akawa Juhudi na akafurahi sana. Hadija aliyekaa nami dawati moja akaninong'oneza, "Mbona na langu ni la Kiarabu?" Nikamkanyaga mguu anyamaze, asije akampa Mwalimu kazi nyingine. Kisha ikafika zamu yangu, na hiyo ndiyo asubuhi niliyoanza nayo.

"Unakataa maendeleo?" Mwalimu akaniuliza.

"Sikatai maendeleo, mwalimu. Nakataa kuitwa Maendeleo."

Watoto wakacheka, na hapo nikaharibu mambo, maana Mwalimu alidhani namfanyia dhihaka. Akakunja uso. Akasema asiyeitika jina lake hayupo, asiyekuwepo ni mtoro, na mtoro hufutwa shule. Akanitoa nje.

Unielewe vizuri hapo, maana ninyi wa siku hizi shule mnaiona kama kitu cha kuchosha. Mwaka ule tulikuwa darasa la nne na mtihani ulikuwa mbele yetu. Anayefaulu anaendelea, anayefutwa anarudi nyumbani. Na binti aliyerudi nyumbani wakati ule alikuwa anasubiri ng'ombe wa mahari, basi. Nilikuwa nimekwisha kuwaona wajumbe wakija kuongea na baba, wakinitazama navyopita na ndoo. Nilijua kabisa nikifutwa nakwenda wapi.

Jioni baba aliposikia akaacha kumega ugali. "Itika tu, mwanangu," akasema. "Ni neno la asubuhi. Ukirudi hapa tutakuita unavyotaka." Baba alikuwa mtu wa amani, aliogopa tusionekane tunaipinga serikali.

Mama akamuuliza taratibu, "Akiitika, mimi nitaitwa nani?"

Baba akatazama mlenda wake.

Mama akanigeukia. "Sikia. Usimtukane mwalimu. Msalimie. Ukipangiwa kufagia uwanja, fagia kuliko wote. Lakini kuitika, usiitike."

Nikafanya hivyo hivyo. Kila asubuhi nilikwenda, nikaamkia, nikafagia, yakiitwa majina nikanyamaza kwa "Maendeleo", nikatolewa nje. Nilikaa chini ya dirisha nikiandika kwa kijiti ardhini yale aliyoyaandika yeye ubaoni, na upepo ukifuta naandika tena. Nililia? Nililia sana! Usije ukadhani nilikuwa jasiri kama simba. Nilikuwa nalia huku naandika, kamasi na vumbi vimechanganyika, lakini nilirudi kesho yake.

Basi siku moja nimekaa pale dirishani namwona bibi anakuja na kigoda chake na kikopo chake cha ugoro. Yule yule bibi wa samadi! Akaweka kigoda kando yangu, akaketi, akavuta ugoro, akapiga chafya darasa zima likasikia. Mwalimu akatoka nje mbio mbio.

"Shikamoo bibi. Kuna nini?"

"Marahaba. Endelea na kazi yako. Mimi nimekuja kukaa na mjukuu wangu."

"Bibi, huyu mtoto amekataa jina la Kiafrika."

"Wewe kijana," bibi akasema, "jina hili nililikataa mimi kabla hujafika hapa. Niligombana na mama yake mpaka tukanyimana chumvi. Mimi, mama mkwe, nilishindwa. Wewe umekuja lini?"

Mwalimu akarudi ndani. Bibi akashinda pale na mimi, na kesho yake akaja tena. Nilimuuliza kwa nini ananitetea na jina hakulitaka. Akasema, "Sikulitaka. Lakini ulikaa."

Mambo yakapelekwa kwenye mkutano wa kijiji. Tulikutana nyuma ya ofisi, penye yale majabali makubwa, watu wameegemea mawe kujikinga na upepo. Mwenyekiti akampa Mwalimu nafasi ya kwanza. Na Mwalimu Mapambano siku ile hakufoka. Aliongea kwa sauti ya chini, na ndipo nilipojua kuna kitu kinachomuuma moyoni.

"Ndugu Mwenyekiti, baba yangu alikuwa mtumishi wa nyumbani kwa mzungu. Alikuwa na jina lake, jina la babu yake. Yule bwana akasema halitamkiki, akamwita Joni. Aliyemtangulia kazini aliitwa Joni, na aliyemfuata akaitwa Joni. Baba yangu amezeeka akiitikia Joni. Mimi nimeapa mtoto nitakayemfundisha hatavaa jina la watu wale. Sasa namwomba huyu Mama Perpetua anielewe..."

Akakatishwa na vicheko. Watu walicheka mpaka wengine wakajishikiza kwenye majabali wasianguke. Alikuwa amemwita Mama Perpetua, kama alivyomwita kila siku akipita kuomba maji, kama kijiji kizima kilivyomwita. Mwalimu akajishika mdomo. Mzee mmoja akapaza sauti, "Mwalimu, sema Mama Maendeleo!" vicheko vikazidi.

Mama hakucheka. Alisimama, akangoja mpaka watu walipochoka wenyewe.

"Mwalimu," akasema, "nakupa pole ya baba yako. Kweli nakupa pole. Ningekuwa mimi, na mimi ningekuwa na hasira hadi leo." Akanishika bega. "Lakini baba yako alipewa jina na mtu ambaye hakutaka hata kumjua. Huyu amepewa jina na mimi. Nilimtoa kwenye samadi kwa mikono hii, na kila mtu hapa akiniambia atakufa. Unasema ni jina la watawala. Mwenye jina hili alikuwa mtoto wa Afrika hii hii, na watawala ndio waliomuua, kwa sababu walimtaka aseme yeye si yeye, akakataa. Wewe ni mwalimu, wajua kuliko mimi. Niambie basi, ukimlazimisha mwanangu aitikie asilotaka, unafanana na nani hapo? Na baba yako, au na yule bwana?"

Upepo ukavuma kwenye majabali. Baba yangu, yule mtu wa amani, akasimama kando ya mama. Bibi naye akainuka na kigoda chake. Mwenyekiti akamtazama Mwalimu, Mwalimu akatazama chini. Kisha Mwenyekiti akasema kwamba kijiji kina shamba la kupalilia, na jina la mtoto ni la wazazi wake. Mkutano ukaisha.

Kesho yake asubuhi nikakaa dawatini kwangu kando ya Hadija. Mwalimu akaita majina. Alipofika kwangu akanyamaza kama ile siku ya kwanza, nami nikajikaza, tayari kutoka nje. Akasema, "Perpetua." Nikaitika, mwanangu, kwa sauti kubwa mpaka kuku waliokuwa mlangoni wakakimbia. Mwalimu akacheka. Ndiyo, alicheka, na sijasahau.

Mtihani nilifaulu, nikaendelea. Miaka mingi baadaye nilikutana naye Shelui, pale yanaposimama malori, mimi nasubiri usafiri wa Nzega, yeye amekwisha kuwa na mvi. Nikamwamkia. Alikuwa na msichana wake mdogo, akanitajia jina lake. Ni jina la mama wa yule baba yake aliyeitwa Joni, jina la ukoo, ambalo yule bwana wa zamani asingelitamka hata akisaidiwa. Nikamwambia, "Mwalimu, hilo ni jina zuri." Na kweli lilikuwa zuri.

Sasa nasaha yangu ni hii, na nitaisema wazi ili usije ukasema bibi alizungusha. Jina halitazamwi limetoka wapi tu, Uarabuni, Roma au Unyambwa. Litazame limetoka moyoni kwa namna gani. Bibi yangu alitaka kunipa jina kwa kuogopa kifo. Baba alitaka niitikie lingine kwa kuogopa wakubwa. Mama yangu alikataa yote mawili, ndiyo maana mimi nipo hapa nakusumbua, na wewe upo, na huyu anayekoroma hapo yupo. Wewe sasa unataka kuchagua jina la mwanao kwa kuogopa vicheko vya wenzako wa kwenye simu. Thubutu! Kifo hatukukiogopa, tuje tuwaogope hao?

Ukimpa jina langu, mpe kwa kuwa umelipenda. Ukimpa jina lingine, la Kinyaturu, la Kiswahili, hata hayo mnayoyaokota kwenye tamthilia, mpe kwa kuwa umelipenda, ulijue maana yake na aliyelibeba kabla yake, kisha mtu akicheka umtazame usoni na uliseme tena kwa sauti. Na akikua, umfundishe kuitika jina lake tu. Asiitikie lingine, hata kama anayeita ni mkubwa, hata kama itabidi akae nje na vumbi. Wewe kazi yako itakuwa kuchukua kigoda na kwenda kukaa naye.

Basi nimemaliza. Nipe mtoto, naona ameamka. Tazama, anakunja uso kama mama yangu! Haya, mjukuu wangu, kabla hata hujapata jina nakuombea kwa Mungu wa waliotutangulia. Maziwa ya mama yako yasikauke. Meno yako yaote yote, nikubebe nyumba kwa nyumba nikikufungua mdomo. Asiwepo wa kukulaza kwenye taka, na akijitokeza, uwe na wa kukuokota. Jina lolote watakalokupa, udumu nalo. Udumu, mwanangu. Udumu.